Mbwa uani, paka ndani: maswali na majibu kwa wanaofuga wote wawili

Maswali haya ni ya watu wa hapahapa Tanga, wengi wa Raskazone na Chumbageni kwenye nyumba za geti na mbwa wa ulinzi, wengine wa Ngamiani ambako paka ni wa mtaa mzima na mbwa wanajipitia tu usiku. Nimeyafupisha, salamu nimebakiza chache.

Shikamoo dokta. Mume wangu kaleta mbwa wa kulinda, na mie nna paka wangu wa miaka mingi. Tangu mbwa aje paka hashuki juu ya kabati. Ndo basi tena, hawawezi kukaa pamoja?

Marahaba mwanangu. Wanaweza, ila mmewakutanisha kwa pupa. Paka hana kinyongo na mbwa, anaogopa tu, na mbwa naye mara nyingi wala hana nia ya kuua, anaona kitu kinakimbia basi na yeye mbio, ndo alivyoumbwa. Ugomvi mwingi unaanzia hapo. Kwa hiyo kazi yako ni kuhakikisha paka hana sababu ya kukimbia na mbwa hana nafasi ya kufukuza.

Anza upya. Mbwa nje, paka ndani, mlango umefungwa, siku kadhaa hata wiki. Chukua kitambaa mfute paka mashavuni, kakiweke pale mbwa anapolala, na cha mbwa kiweke karibu na sahani ya paka, wajuane kwa pua kabla hawajaonana. Halafu walishe pande mbili za mlango uleule, huyu huku yule kule. Paka akila bila kuvimba wala kufoka ndo unafungua kidogo, mbwa akiwa kwenye kamba mkononi mwa mtu mzima, sio mtoto, dakika chache tu basi, kesho tena. Mbwa akimwona paka halafu akageuka kukutazama wewe, mpe kipande cha nyama hapohapo, ajue kumwacha paka kuna faida. Wapo wanaozoeana ndani ya wiki mbili, wapo wa miezi, na wapo ambao hawatapendana maisha yao yote, watavumiliana tu, na hiyo mie naona inatosha kabisa, sio lazima walale pamoja kama kwenye zile video.

Kitu kimoja usifanye, kumbeba paka mikononi ukampeleka mpaka puani kwa mbwa eti wasalimiane. Atakayechanwa ni wewe.

Halafu huku kwetu tuna bahati ambayo watu hawaioni. Nyumba nyingi za Tanga mbwa haingii ndani kwa sababu ya najisi na udhu, ila paka anazunguka mpaka kwenye mswala na hakuna anayemgusa. Hapo eneo lishagawanywa bila nyie kujua, paka ana sehemu yake ambayo mbwa hafiki, inabaki kupanga mambo ya uani tu.

Mchana wako poa kabisa. Ikifika magharibi vita. Kwanini?

Kwa sababu paka anachangamka hasa jua likizama na alfajiri, na ndo saa hizohizo mnamfungua mbwa aliyeshinda bandani au kwenye mnyororo kutwa nzima, ana nguvu zimemjaa, hajatembezwa, hajaongeleshwa, kitu cha kwanza kupita mbele yake ni paka.

Badili ratiba. Mlishe paka kabla ya magharibi, chakula chake awekewe ndani, atazoea kurudi mwenyewe, funga mlango, ndo mbwa atoke. Alfajiri mrudishe mbwa kwanza ndo ufungue mlango. Na mbwa mtembezeni jamani, mnyororo wa kutwa unamfanya mkali kwa kila kitu, mtoto wa jirani akiwemo.

Uani weka njia za kupanda juu. Mwembe unatosha, au ubao uliopigiliwa ukutani, au paa la banda la kuku. Ila angalia ukuta wenu wa fensi, wengi mmeweka vipande vya chupa juu kwa ajili ya wezi, sasa paka akikimbizwa anarukia palepale anachanika tumbo. Acha sehemu moja wazi karibu na dirisha.

Nitajuaje kama wanacheza au wanataka kuuana?

Usidanganyike na mkia. Mbwa akitikisa mkia kwa ulegevu na mwili umelegea, sawa, ana furaha. Paka akipigapiga mkia huku na huku kakasirika, na mbwa wengi hawalijui hilo, wanasogea, wanapigwa kofi. Masikio ya paka yakilala nyuma, mgongo juu, manyoya yamesimama, wapishe. Kwa mbwa ninayemwogopa mie sio anayebweka, ni yule aliyenyamaza, mwili umekakamaa, kichwa chini, macho hayabanduki kwa paka. Huyo mwondoe saa hiyohiyo. Na mbwa ambaye alishaua paka huko nyuma, au kuku wa watu kila siku, usimjaribie paka wako kabisa.

Mbwa kamng'ata paka mgongoni. Naona vitundu viwili vidogo tu na anatembea vizuri. Nimpake nini?

Usimpake, mpeleke. Hili ndo swali ninaloomba mlisome mara mbili. Mbwa akimkamata paka anambana halafu anamtikisa, jino linaingia kwenye tundu dogo lakini ndani nyama inachanika na ngozi inaachana na mwili, mbavu zinaweza kuvunjika, pafu linaweza kutoboka, utumbo nao hivohivo, na nje huoni kitu zaidi ya damu kidogo. Paka naye ni hodari wa kuficha maumivu, atatembea, atajificha chini ya kitanda, siku ya pili unamkuta kafa. Akipumua harakaharaka au mdomo wazi, fizi nyeupe, baridi miguuni, hiyo ni dharura ya dakika sio ya kesho.

Ukiwa njiani mzungushie kanga au taulo, mlaze kwenye boksi lenye matundu, usimpe chakula. Damu ikitoka sana bana kwa kitambaa safi. Dettol usimmwagie, ni sumu kwa paka, akijilamba ndo kabisa. Na kwa joto letu hili kidonda kikiachwa wazi nzi wanataga, baada ya siku mbili tatu unakuta funza.

Anaumwa sana namwonea huruma, nimpe nusu kidonge cha paracetamol?

Hapana! Ini la paka halina uwezo wa kuisafisha dawa hiyo, damu yake inaharibika inashindwa kubeba oksijeni, fizi zinageuka rangi ya kahawia, uso unavimba. Kidonge kimoja cha miligramu 500 kinatosha kumuua. Diclofenac na ibuprofen nazo zisiguswe, kwa paka wala kwa mbwa, zinaharibu figo na kutoboa tumbo. Dawa ya maumivu atampa daktari wa mifugo.

Mie niliingia kuamua ugomvi wao, paka kaning'ata kidole. Si paka tu, hana shida eti?

Ana shida sana mjomba. Jino la paka ni jembamba kama sindano, linapeleka bakteria chini kabisa kwenye kano na viungo, halafu tundu linajifunga juu. Ndani ya siku moja kidole kinaweza kuvimba, kikawa chekundu, hakikunjiki. Mng'ato wa paka unaoza kirahisi kuliko wa mbwa, hasa mkononi, kwa hiyo nenda hospitali mapema wakuangalie kama unahitaji antibaiotiki na chanjo ya pepopunda.

Halafu kuna kichaa cha mbwa. Jina linawapoteza watu, paka naye anaupata na anaambukiza, ni virusi vinavyokaa kwenye mate. Ukishaanza kuonyesha dalili kwa binadamu karibu hakuna anayepona, lakini ukiwahi kabla ya dalili unazuilika. Kwa hiyo mnyama yeyote akikung'ata, au kucha zake zikakuchana ukatoka damu, au akalamba kidonda chako, osha hapohapo kwa sabuni na maji yanayotiririka dakika 15, angalia saa, sio kusuuza. Usiweke majivu, mafuta ya taa, kitunguu saumu wala maji ya betri. Kisha hospitali ya Bombo au kituo cha afya kilicho karibu, ukaulize chanjo, na ukianza dozi uzimalize kwa tarehe zake.

Mnyama aliyekung'ata kama ni wa kwenu usimuue, mfungie peke yake mumwangalie siku 10. Akiwa mzima baada ya hapo maana yake siku ile hakuwa na virusi kwenye mate, na daktari ataamua kuhusu dozi zilizobaki. Lakini kungoja hizo siku 10 ndo uanze chanjo, hapana. Kama paka wako kang'atwa na mbwa koko asiyejulikana, mwambie mtaalamu wa mifugo hata kama kidonda kimepona, maana ugonjwa unaweza kukaa kimya wiki kadhaa mpaka miezi. Wote wawili wachanjwe wakifika miezi mitatu na kurudia kila mwaka, ulizia ofisi ya mifugo ya halmashauri, hasa kuelekea tarehe 28 Septemba, siku ya kichaa cha mbwa duniani.

Na siku nyingine usiingize mkono. Gonga sufuria, wamwagie maji, tupia blanketi juu ya paka, au ingiza ubao katikati yao.

Paka kamchana mbwa jichoni, analifumba tu.

Siku hiyohiyo kwa daktari. Usiweke dawa ya macho iliyobaki kabatini, zile zenye steroidi kidonda cha jicho zinakizidisha.

Wanaambukizana magonjwa?

Yapo. Viroboto walio wengi huku wanakaa kwa paka na mbwa bila kubagua, ukimtibu mmoja umepoteza hela, na kiroboto akimezwa wakati mnyama anajilamba anaacha minyoo ya tegu. Mapunye nayo yanahama, mpaka kwa watoto.

Ila hapa kuna hatari ninayoiona sana kwa sababu Tanga wafugaji wa ng'ombe wa maziwa ni wengi. Dawa ya kuogeshea ng'ombe ipo nyumbani, mtu anamwogeshea mbwa, inayobaki anampaka na paka. Dawa nyingi za kupe, pamoja na zile za mbwa zenye permethrin, ni sumu kwa paka, anatetemeka, anatokwa mate, anapata degedege. Ikishatokea mwogeshe kwa sabuni ya vyombo na maji ya uvuguvugu, mkaushe, mkimbize kliniki. Na mbwa aliyepakwa leo asikae karibu na paka mpaka akauke kabisa.

Mbwa anamalizia chakula cha paka kila siku, nami nampa paka ugali wa mbwa, ngoma droo.

Sio droo, paka anaumia. Lazima apate nyama au samaki, dagaa wanatosha kumsaidia, ugali peke yake utamharibu macho na moyo. Sahani yake weka juu ya meza au dirishani.

Tangu mbwa aje paka wangu dume anakojoa kitandani. Nimpige?

Usimpige, ni stresi. Labda mbwa kakaa njiani anapopita kwenda kujisaidia, muwekee beseni la mchanga chumbani. Lakini mchunguze kwanza, kama anachuchumaa mara kwa mara, analia, na kinatoka kitone tu au hakitoki kitu, huyo njia ya mkojo imeziba. Mpeleke leo, usingoje kesho.