Bahari ya maziwa si kila maji yanayong'aa usiku

Watunzi wa hadithi za kufikirika wanaipenda bahari ya maziwa, na wana haki. Ulimwengu wa kubuni wenye pwani na vyombo unapendeza zaidi ukiwa na ajabu ya baharini inayokuja na kuondoka kwa majira yake. Kinachonikera ni kwamba mara nyingi ninapolikuta jina hilo, ninachosimuliwa ni kitu kingine kabisa. Shujaa anachovya mkono majini, cheche za buluu zinaruka, kasia linaacha mstari wa nuru, kisha tunaambiwa kwamba jahazi limeingia bahari ya maziwa. Halijaingia.

Maana yenyewe ni fupi. Bahari ya maziwa ni eneo kubwa la bahari ambalo usiku hutoa mwanga mweupe uliotulia, usiomemeta, hadi upeo wa macho. Huweza kudumu usiku mmoja au wiki kadhaa. Mwanga huo unaaminika kutoka kwa bakteria. Haikubuniwa na mtunzi yeyote: huonekana zaidi kaskazini-magharibi mwa Bahari ya Hindi, pande za Somalia na Uarabuni, na pia katika bahari za Indonesia.

Sasa tuje kwenye cheche. Hizo ni kazi ya dinoflajelati, viumbe vya seli moja vilivyomo katika planktoni, yaani vijiumbe vinavyoelea majini. Kila kimoja hungoja kusukwasukwa. Maji yakitikisika, huwaka kwa takriban sehemu ya kumi ya sekunde, kisha huzima. Ndiyo maana nuru hufuata kasia, huruka penye povu, huchora njia ya samaki anayekimbia, na maji yakitulia giza linarudi. Hali hii hupatikana katika pwani nyingi za dunia, na ni nzuri kwelikweli. Sina ugomvi nayo.

Bahari ya maziwa hufanya kinyume chake. Haingoji kuguswa. Tarehe 25 Januari 1995, meli ya Uingereza iitwayo Lima ilipita katika maji ya namna hiyo mashariki ya pwani ya Somalia, ikachukua saa 6 kuyavuka. Mabaharia wake waliandika kwamba bahari nzima iling'aa, lakini mawimbi yaliyopasuliwa na omo, na njia ya maji iliyobaki nyuma ya tezi, yalionekana meusi. Chombo kilipoyavuruga maji, hakikuwasha kitu, bali kilikata giza ndani ya weupe. Anayeandika kwamba kasia lilirusha cheche katika bahari ya maziwa ameligeuza jambo zima juu chini, na amelipoteza lile hasa lililowatia hofu mabaharia kwa karne nyingi.

Kwa muda mrefu taarifa za namna hii zilikuwa zikipokewa kama porojo za watu waliokaa baharini kupita kiasi. Kisha mwaka 2005 mwanasayansi Steven Miller na wenzake walichapisha picha za setilaiti za usiku uleule wa Lima. Mahali palepale palipotajwa na meli palikuwa na doa la mwanga lenye ukubwa wa takriban kilomita za mraba 15,400, na lilionekana kwa siku tatu mfululizo. Mwaka 2019, kusini mwa kisiwa cha Java, lilitokea jingine lililopita kilomita za mraba 100,000 na kudumu kwa zaidi ya mwezi. Wafanyakazi wa chombo cha matanga kiitwacho Ganesha walipita humo usiku bila kujua ni nini. Waliteka maji kwa ndoo, wakaona nukta za mwanga uliotulia. Walipoyakoroga, nukta zikafifia. Kwa dinoflajelati, kukoroga kungewasha ndoo nzima.

Bakteria wametajwa kwa sababu. Mwaka 1985 meli ya utafiti ilikutana na bahari ya maziwa karibu na kisiwa cha Socotra cha Yemen, na sampuli zake zikaonyesha bakteria wang'aao aina ya Vibrio harveyi wakiwa wameshikamana na mwani. Bakteria wa jamii hii hutoa kemikali ambazo kwazo huhisi wingi wao. Wakiwa wachache hubaki gizani; wakijaa vya kutosha huwaka pamoja na kuendelea kuwaka. Dhana moja ni kwamba nuru huwavuta samaki wawale, kwa kuwa tumbo la samaki ni makazi mazuri kwao.

Lipo na suala la majira, ambalo nalo huharibiwa sana. Katika hadithi, bahari ya maziwa hupangwa ije kila mwezi mpevu, pengine kwa sababu mbalamwezi inapendeza. Lakini mwanga huu ni hafifu, na mbalamwezi huufunika. Hata setilaiti huutafuta katika saa zisizo na mwezi. Unachofuata ni pepo za msimu: taarifa nyingi za Bahari ya Hindi ni za wakati wa kusi, kati ya Julai na Septemba, na nyingine za kaskazi, Januari na Februari. Pepo husukuma maji ya juu, maji baridi yenye rutuba yakapanda kutoka chini, mwani ukastawi. Hata hivyo kuna miaka inayopita bila chochote, na huko kutotabirika ni hazina kwa msimulizi kuliko kalenda yoyote ya mwezi.

Basi anayezitaka cheche asizifute, azipe tu jina lake: ni mng'ao wa planktoni. Na anayeitaka bahari ya maziwa aipeleke kwenye usiku usio na mwezi, aiache iwake yenyewe, na kasia lipite humo bila kuwasha chochote.