Rimiksi Si Kukimbiza Wimbo

Kijana mmoja wa Igoma, hapa Mwanza, alinifuata chuoni na flashi mkononi. "Shikamoo mwalimu. Sikiliza rimiksi yangu, Ijumaa naipandisha mtandaoni." Ulikuwa wimbo wa Marekani wa miaka ya tisini wa hausi, ule muziki wa dansi wa mashine, wa aina inayopigwa sana baa za Kirumba baada ya saa sita usiku. Alikuwa ameukimbiza kutoka biti (midundo) 120 kwa dakika hadi 128 na kubandika jina lake mwanzoni, likirudiarudia kwa mwangwi. Basi.

Kazi ya aina hii naipokea kila muhula, kwa hiyo nilimkalisha tukapiga hesabu. Kutoka 120 kwenda 128 ni ongezeko la karibu asilimia 7. Ukikimbiza santuri kiasi hicho, sauti ya mwimbaji nayo inapanda zaidi kidogo ya nusu toni, na mama mzima anaanza kuimba kama binti wa darasa la sita. Programu za siku hizi zina kitufe cha kushikilia sauti pale pale mwendo unapobadilika, lakini kompyuta hapo inakata sauti vipande vidogo na kuviunga upya. Sikiliza herufi "s" za mwimbaji: zinakwaruza. Faili likiwa limenyofolewa kwenye video ya mtandaoni, ndiyo kabisa. Sabufa ya baa itakuficha. Spika za masikioni hazitakuficha.

Warimiksi wenyewe walianzia kwingine. Studio hurekodi kila kitu peke yake: ngoma, besi, kinanda, sauti. Mwenye wimbo anampa fundi sauti tupu, na fundi anaijengea nyumba mpya. Wimbo wa mwimbaji Robin S wa Marekani, "Show Me Love", ulitoka mara ya kwanza 1990 na haukufika mbali. Mtayarishaji StoneBridge wa Uswidi akaujengea midundo mipya, akaweka besi ya sauti ya ogani kutoka kinanda cha Korg M1, na 1993 ukatikisa dunia. Wengi wanaoupenda hawajawahi kuusikia ule wa awali. Mimi hiyo ndiyo naiita rimiksi, ingawa najua wapo watakaoniona mkali.

Leo zipo programu za akili bandia zinazoitoa sauti ya mwimbaji ndani ya wimbo uliokwisha changanywa, hata ukiwa na kompyuta ya mkopo. Urahisi huo ndio unaowaponza vijana, maana kuweza kuitoa sauti si kuwa na ruhusa ya kuitumia. Wimbo mmoja una mali mbili ndani yake: utunzi, yaani maneno na melodia, na rekodi yenyewe. Mara nyingi wenyewe ni watu wawili tofauti, na ukitaka kuitoa rimiksi yako unahitaji ridhaa ya wote wawili. Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya Tanzania ya 1999 inalinda vyote viwili, na kuibadilisha kazi ya mtu ni haki ya mwenye kazi. Kuandika "sidai umiliki" chini ya video hakusaidii kitu. Wala kibali cha ukumbi cha kupiga muziki hadharani si kibali cha kugeuza wimbo. Ukikwama, waulize COSOTA, ofisi ya hakimiliki ya Tanzania, kabla hujapandisha.

Kijana aliuliza, "Sasa mwalimu, nifanyeje na mtu wa Marekani simjui?" Nilimwambia aache sauti ya mwimbaji na ule mpangilio wa kinanda, abaki na mwendo tu, kwa sababu biti 120 kwa dakika hazina mwenyewe.

Ijumaa hakupandisha kitu. Jumatatu alirudi na dakika mbili na nusu: injini ya mtumbwi aliyoirekodi kwa simu alfajiri pale Mwaloni, ufukweni mwa ziwa, ameikata ikawa besi, na juu yake makopo ya rangi. Dundo la kwanza bado linachelewa kidogo. Tunalirekebisha wiki hii.