Upakumu ni nini hasa? (yupo, yuko, yumo)

Wiki hii nimeulizwa mara tatu upakumu ni kitu gani, mmoja alidhani ni dawa ya minyoo, kwahiyo ngoja niielezee hapa mara moja yaishe. Upakumu ni falsafa ya kubuni. Ipo kwenye nchi ya kubuni inaitwa Kaungu, ambayo mimi na washkaji watatu tunaitunga hapa Mbeya kila Jumapili mchana, tunaicheza kama gemu ya stori, kila mtu ana mhusika wake, na mhusika ni kizibo cha soda juu ya ramani tuliyochora nyuma ya kalenda ya zamani. Jina limetoka kwenye pa, ku na mu, basi, hakuna siri nyingine.

Wazo lenyewe ni hili: mtu wa Kaungu huwezi kumwambia kitu "kipo" ukanyamaza kama vile umemaliza. Kuna kuwepo, kuna kuweko na kuna kuwemo, na kwake hivyo ni vitu vitatu. Kilichopo unakinyooshea kidole. Kilichoko unajua kiko huko ila huwezi kukionyesha. Kilichomo kimeshikwa ndani ya kitu kingine, ukikitaka pitia kwanza kwa huyo aliyekishika. Sisi mtaani tushavichanganya zamani, mtu bado yuko Uyole hajapanda hata daladala anakwambia kwenye simu "nipo hapa Mwanjelwa mbona sikuoni", Kaungu huyo angelala ndani. Tena sio kwa uongo, uongo wenyewe wanauvumilia, kosa lake ni kujipa -po wakati yeye ni -ko.

Wanajisumbua hivyo kwa sababu ya ukungu. Aliyewahi kupita barabara ya Tukuyu mwezi wa sita, pale milima ya Poroto, anajua nazungumzia nini, saa nne asubuhi gari limewasha taa na mama anayeuza viazi pembeni ya barabara unamsikia anaita wateja kabla hujaona hata ndoo yake. Sasa ukungu wa Kaungu haufichi tu, unahamisha. Ukikufunika unatoka kwenye -po unaingia kwenye -ko, na watu wako wakiacha kukutaja unazidi kuyeyuka hukohuko. Kwahiyo swali la "yupo, yuko au yumo" kwao sio la wasomi kukaa na kunywa chai, ni la msiba, la deni, la mahari.

Kuna mikondo mitatu inagombana. Kundi la Wapo wengi wao ni wafanyabiashara, wanasema kisichoonekana hakidaiwi, wamemaliza. Wako ni wasafiri na akina mama wenye watoto walio safarini, hawa wanakiweka chakula jioni hata kama sahani inarudi jikoni vilevile. Wamo wanaishi pembeni ya ziwa lililozama kwenye shimo la volkano (ndio, tumeliiba ziwa Ngozi la huku kwetu Mbeya, lile nalo halina mto unaotoka juu kwa juu), na wao wanasema hakuna kitu kilichowahi kuwepo peke yake, kila kitu kimo ndani ya kingine, hata wewe ulianza kwa kuwemo tumboni ndio ukaja kuwepo.

Kesi tuliyobishania sana ni hii. Mtu kaazima ng'ombe, kaondoka nae, ukungu ukamchukua yeye, ng'ombe akarudi mwenyewe na mimba. Ndama ni wa nani? Wapo wakasema mwenye ng'ombe achukue vyote, mkopaji hayupo. Wako wakasema msubirini, yuko. Wamo wakasema mnamtafuta wapi jamani, yumo, jasho lake la miezi yote ya kuchunga limo kwenye yule ndama, anayemchinja anachinja mtu. Tulikaa hapo Jumapili mbili nzima na mkaa ukaisha.

Mimi niko upande wa Wamo na sifichi. Nendeni Kijungu mkaangalie mto Kiwira, maji yanaingia kwenye shimo la mwamba kama chungu yanapotea, halafu yanatokea mbele. Pale katikati, juu ya jiwe, ukisema mto haupo utakua unaona jiwe tu, na ukisema uko basi unaongea kama mtu aliye mbali nao wakati miguu yako imekanyaga juu yake. Umo.

Na matusi yao yamekaa hapohapo. "Hayupo" wanasema kila siku, haiumi. "Hayuko" inasemwa na wazee tu, usiku. "Hayumo" haisemwi kabisa, ukimwambia mtu "wewe humo" umemfuta, na sisi tunaitamka kirahisi tu mtu akikosa jina kwenye listi ya mchango wa harusi.

Kuna jamaa akanambia hii sio falsafa ni sarufi. Sawa, imeanzia kwenye sarufi, ila hatujaanza sisi, padri Alexis Kagame wa Rwanda mwaka 1956 aliyapanga mambo yote yaliyopo kwa kufuata ngeli za Kinyarwanda, umuntu, ikintu, ahantu, ukuntu (yaani mtu, kitu, mahali, namna), na mwanafalsafa Paulin Hountondji wa Benin akaja kupinga namna hiyo ya kuchimba falsafa kwenye lugha ya watu halafu kuwabandikia wote. Pingamizi lake tumewapa Wapo, wanaliongea vizuri kweli. Bado hatujaelewana hata methali, mmoja wetu anasema penye miti hapana wajenzi, mwingine kwenye miti hakuna wajenzi, na ndani ya Kaungu hizo ni misitu miwili.

Swali ambalo bado limetushinda ni la mshkaji wetu wa nne, kapata kazi Dodoma mwezi wa pili akaondoka katikati ya stori, mhusika wake tukamuacha kwenye ukungu, mguu mmoja darajani. Ramani tunakunja kila tukimaliza, vizibo vinarudi kwenye kopo la maziwa. Juzi usiku katuma meseji, hajasalimia wala nini, anauliza kizibo changu cha kijani mlishatupa?

Nikamjibu kimo.