Mpiga dramu akihamia kwenye filamu: yasemwayo na yalivyo

Mtu akisikia kwamba muziki wa filamu fulani umetungwa na mpiga dramu wa bendi ya roki, hutarajia kelele: matoazi yanalia mwanzo hadi mwisho.

Basi na amsikilize Cliff Martinez. Alipiga dramu katika albamu mbili za kwanza za Red Hot Chili Peppers, akatoka kwenye bendi mwaka 1986. Miaka mitatu baadaye akatunga muziki wa sex, lies, and videotape ya mwongozaji Steven Soderbergh, filamu iliyotwaa Palme d'Or, tuzo kuu ya tamasha la Cannes. Utatafuta dramu humo uchoke. Zipo sauti ndefu za kielektroniki zilizotanda chini ya mazungumzo, hazimkatizi anayesema. Baadaye alizama katika cristal Baschet, ala ya vijiti vya glasi vinavyosuguliwa kwa vidole vilivyoloa. Filamu inayobebwa na dramu hasa ni Birdman ya 2014, na Antonio Sánchez aliyezipiga ni mtu wa jazi, si wa roki.

Wengine husema mpiga dramu hajui melodi. Hapa kuna chembe ya ukweli, maana wengi huanza na mapigo tu. Mwongozaji Francis Ford Coppola alimwita Stewart Copeland, mpiga dramu wa bendi ya The Police, kwenye filamu ya Rumble Fish (1983) kwa sababu hiyohiyo: alitaka midundo ya kuonyesha muda unavyoyoyoma. Muziki wote ukaishia mikononi mwa Copeland, ukateuliwa kuwania tuzo ya Golden Globe. Hakubaki palepale. Mwaka 1989 opera yake ilipanda jukwaani Cleveland, okestra na waimbaji wote.

Phil Collins, mpiga dramu na mwimbaji wa bendi ya Genesis, naye husifiwa kwa muziki wote wa katuni ya Tarzan (1999). Oscar aliyopata ni ya wimbo mmoja. Muziki wa kusindikiza matukio ni wa Mark Mancina. Wimbo wa filamu na muziki wa filamu ni kazi mbili.

Dhana inayonikera zaidi ni kwamba anayejua kushika mwendo hatapata shida na picha. Kwa hesabu ni kweli. Filamu hupita fremu, yaani picha mojamoja, 24 kwa sekunde, hivyo mwendo wa mapigo 120 kwa dakika hudondosha pigo kila fremu ya 12. Lakini mwigizaji hageuzi shingo kwenye fremu ya 12. Anageuza kwenye ya 7, au ya 31. Jukwaani bendi nzima humfuata mpiga dramu, akikaza wanakaza, akilegeza wanalegeza. Kwenye filamu yeye ndiye mfuasi. Hupunguza mwendo kidogo, humeza pigo moja, au hunyamaza kabisa mlango unapofunguliwa. Na akishamaliza, mhariri anaweza kukata sekunde mbili za tukio, kila pigo lililokuwa limekaa mahali pake likahama.