Anayekamatwa Asipotee Machoni: Yaliyotendeka Nyayo House na Haki Zako Leo

Kila asubuhi foleni ya pasipoti hujipanga Nyayo House, pale Kenyatta Avenue inapokutana na Uhuru Highway jijini Nairobi. Wengi kwenye foleni ni vijana, na wengi hawajui kwamba chini ya jengo hilo hilo kuna seli ambamo Wakenya wenzao walisimamishwa majini siku kadhaa, hadi miguu ikavimba na ngozi ikabanduka.

Mwaka 1986, serikali ya Rais Daniel arap Moi iliwasaka watu iliowashuku kuwa wanachama wa Mwakenya, kundi lililoendesha shughuli zake kwa siri. Aliyekamatwa alifungwa kitambaa machoni, akazungushwa kwa gari mpaka asijue yuko wapi, kisha akateremshwa orofa ya chini ya ardhi. Akiitwa kuhojiwa, alipandishwa kwa lifti hadi orofa za juu, akavuliwa nguo mbele ya jopo la maafisa wa Special Branch, kitengo cha ujasusi cha polisi, na kupigwa. Asipokiri, alirudishwa kwenye maji. Wakili Wanyiri Kihoro, aliyekuja kuwa mbunge, alikaa mle siku 74. Wengine walifikishwa kortini jioni bila wakili, wakakiri makosa, wakafungwa.

Mateso yale hayakuwezekana kwa sababu ya maji na marungu pekee. Yaliwezekana kwa sababu jamaa hawakujua mtu wao yuko wapi, wala korti haikuuliza. Ndiyo maana sisi wahudumu wa afya tunaowapima waliotoka kizuizini huuliza kwanza kuhusu saa: alikamatwa lini, nani alimwona, alifika kortini lini?

Katiba ya Kenya ya 2010 ilijibu swali hilo moja kwa moja. Ibara ya 49 inataka aliyekamatwa aelezwe sababu kwa lugha anayoielewa, aruhusiwe kunyamaza, awasiliane na wakili, na afikishwe kortini kabla ya saa 24 kupita. Saa hizo zikiishia siku ambayo korti haifanyi kazi, husubiriwa siku inayofuata ya korti, na hapo ndipo ilipozaliwa ile tunayoiita "kamata kamata Friday": mtu anashikwa Ijumaa jioni, analala ndani hadi Jumatatu. Kwetu, wikendi hiyo ni hatari kubwa, na familia isiichukulie kama ucheleweshaji wa kawaida. Ibara ya 25 nayo inasema haki ya kutoteswa haiwezi kupunguzwa kwa sababu yoyote, uwe usalama wa taifa au ugaidi. Sheria ya Kuzuia Mateso ya 2017 inatoa kifungo cha hadi miaka 25 kwa afisa anayetesa, na cha maisha aliyeteswa akifa.

Sheria nzuri haijazuia kila kitu. Juni 2016 wakili Willie Kimani, mteja wake na dereva wa teksi walitekwa wakitoka kortini Mavoko, wakafungiwa kwenye kambi ya polisi wa utawala Syokimau. Kutoka mle, ujumbe wa kuomba msaada ulitupwa nje ukiwa umeandikwa kwenye karatasi ya chooni. Miili yao ilipatikana mtoni, na mwaka 2022 Mahakama Kuu iliwatia hatiani maafisa 3 wa polisi na raia mmoja.

Kwa hiyo mtu wako akishikwa, nenda kituoni siku hiyo hiyo, tena usiende peke yako. Uliza jina lake limeandikwa kwenye kitabu cha OB, daftari la matukio la kituo, saa ngapi, uchukue nambari. Ukiambiwa hayupo, zunguka vituo vya jirani, kisha wakili apeleke Mahakama Kuu ombi la habeas corpus, yaani la kuitaka korti iamuru aliyeshikwa aletwe mbele yake. Katiba hairuhusu haki hiyo kuwekewa kikomo.

Akiachiliwa, daktari kwanza, kulala baadaye. Michubuko hubadilika rangi na kufifia katika siku chache, na nyayo zilizopigwa huweza kupona bila kuacha kovu. Itifaki ya Istanbul, mwongozo wa Umoja wa Mataifa wa kuchunguza mateso uliotolewa 1999 na kuhuishwa 2022, hututaka tuandike maneno ya mgonjwa mwenyewe, tuchore kila jeraha mahali lilipo mwilini, tupige picha zenye rula kando, kisha tueleze jeraha linalingana kiasi gani na masimulizi yake. Inatukumbusha pia kwamba kukosa kovu si ushahidi kwamba hakuteswa. Ndoto za kutisha, kushtuka mlango unapofungwa kwa kishindo, kukosa usingizi miezi mingi: hayo nayo tunayaandika, na jaji huyasoma. Julai 2010, wahasiriwa 21 wa Nyayo House walishinda kesi ya fidia katika Mahakama Kuu, zaidi ya miaka 20 baada ya wengi wao kutoka kwenye seli zile.

Mwombe daktari amjazie fomu ya P3, ile ya polisi ya kuandikia majeraha, na ubaki na nakala. Malalamiko dhidi ya polisi yapeleke IPOA, mamlaka huru iliyoundwa kwa sheria ya 2011. Nguo alizovaa zisifuliwe. Zikauke kivulini, kisha zitiwe kwenye mfuko wa karatasi, maana ndani ya plastiki unyevu huozesha damu iliyo juu yake.