Uchokozi Katika Sanaa Si Matusi

Juzi barazani, Mji wa Kale, nilionyeshwa kwenye simu kijana aliyepanda jukwaani akaporomosha matusi ya nguoni kwa dakika tatu, na mwenye simu akanihakikishia kwamba hiyo ndiyo sanaa ya uchokozi. Nimelisikia neno hilo likitumiwa hivyo mara nyingi mno, hata kunyamaza kumenishinda.

Maana yenyewe ni fupi: ni sanaa ambayo msanii hutumia mwili wake, mbele ya watu, kugusa jambo lililofanywa mwiko, ili waliopo washindwe kuligeuzia kisogo. Si tamthilia, kwa kuwa msanii haigizi mtu mwingine, na kinachotendeka kinatendeka kweli.

Linalopotoshwa ni neno uchokozi. Kuchokoza kumetokana na kuchokoa, yaani kuingiza kitu chenye ncha tunduni ili kilichomo kitoke. Mtu huchokoa meno. Na mvuvi wa pweza, maji ya bamvua yakishatoka, huinama mwambani akachokoa tundu taratibu, mkono ukisikiliza, mpaka mnyiri mmoja ujizungushe kwenye ncha ya fimbo. Hana ugomvi na mwamba. Anachotaka ni kilichojificha ndani yake.

Mwaka 1974, mjini Naples, Italia, msanii Marina Abramović alipanga vitu 72 mezani, vikiwemo waridi, asali, mkasi, bastola na risasi moja, kisha akasimama kimya kwa saa 6, akiwa amewaandikia watu kwamba wavitumie juu yake wapendavyo na kwamba dhima ni yake. Walianza kwa upole. Baadaye wakamkata nguo, wakamjeruhi, na mmoja akaielekeza bastola kwake. Muda ulipokwisha naye akaanza kuwaendea, wakakimbia. Hakutamka hata tusi moja. Aliyechokolewa alikuwa mtazamaji, na kilichotoka tunduni kilikuwa chake.

Wapo wanaodai kwamba wanawake wetu wa vugo, ile ngoma ya arusi, wanaogonga pembe na kuimba yasiyotajika mchana, ndio waliotangulia katika sanaa hii. Vugo nalipenda, lakini hapo sikubaliani nao, kwa sababu mila yenyewe ndiyo inayowapa ruhusa, na ruhusa hiyo hukunjwa pamoja na majamvi ya arusi. Mchokozi hakupewa ruhusa na mtu, ndiyo maana hatujui tumshangilie au tumfukuze.

Kijana wa kwenye simu alitukana, watu wakacheka, wakaenda zao vilevile walivyokuja. Sisemi ashushwe jukwaani, na huenda ana kipaji. Ila, ndugu yangu wa barazani, kwa heshima zote, huyo ni mchekeshaji mwenye ulimi mchafu, na jina hilo linamtosha.