Timu 14 na mshahara wa wiki kwa wiki: ajira ya Josh Johnson katika NFL

Kijana anapokuja kutuuliza habari za kucheza mpira wa Kimarekani, jina analolitaja ni Patrick Mahomes au Tom Brady. Mimi humwomba aanze na Josh Johnson. Wachezaji wengi wa NFL, ligi kuu ya mchezo huo kule Marekani, ajira yao inafanana na ya Johnson kuliko ya nyota kama Mahomes, na mlango wa ligi hiyo si mgeni kwetu: Mkenya Daniel Adongo alitoka kwenye raga akasajiliwa na Indianapolis Colts mwaka 2013. Sisi tunaoshughulika na mikataba ya wanamichezo tuna wajibu wa kueleza kilicho nyuma ya mlango huo.

Johnson alizaliwa Oakland, California, mwaka 1986. Alisoma University of San Diego, chuo kisichovuma katika mchezo huu. Mwaka 2008, katika zoezi la kila mwaka ambapo timu huchagua wachezaji wapya kwa zamu, Tampa Bay Buccaneers walimchagua raundi ya tano, akiwa wa 160. Yeye ni kwotabeki, yule anayepokea mpira mwanzo wa shambulizi na kuamua aurushe, akimbie nao au ampe mwenzake. Tangu hapo amesajiliwa na timu 14, katika ligi yenye timu 32. Hakuna mchezaji mwingine wa NFL aliyepita timu nyingi hivyo. Baadhi zilimwacha, zikamrudia, zikamwacha tena.

Watu husema anayehamahama hivyo hana kiwango. Si kweli. Tazama hesabu ya kikosi: timu huingia kambini na wachezaji hadi 90, na mwishoni mwa Agosti hubaki 53. Wachache, 16 hivi, huwekwa kwenye kikosi cha mazoezi, yaani hufanya mazoezi na timu bila kuwa kwenye kikosi cha mechi. Mwenye misimu isiyofika minne akiachwa, timu nyingine zote hupewa saa 24, na itakayomtaka humchukua pamoja na mkataba wake, apende mji huo asipende. Waliobaki hukaa nyumbani wakifanya mazoezi na kusubiri simu, na simu hiyo mara nyingi hulia kwa sababu mwenzao kaumia.

Desemba 2018 ililia kwa Johnson. Kwotabeki wawili wa timu ya Washington, Alex Smith na Colt McCoy, walikuwa wamevunjika mguu kwa kufuatana. Johnson alikuwa amekwisha kuchaguliwa na timu ya San Diego katika ligi mpya ndogo, ambayo haikumaliza hata msimu wake wa kwanza. Alisaini Washington katikati ya wiki, na Jumapili ile ile aliingizwa uwanjani dhidi ya New York Giants. Hakuwa amerusha pasi katika mechi ya msimu wa kawaida tangu 2011. Wenzake hakuwajua, kwa hiyo alijifunza majina yao kwa kucheza gemu ya video ya Madden. Wiki iliyofuata alianza mechi kule Jacksonville, wakashinda 16 kwa 13: ushindi wake wa kwanza akiwa kwotabeki wa kuanza, miaka kumi baada ya kuchaguliwa. Mtu hafanyi hivyo kwa bahati. Miaka yote ile alikuwa anasoma mipango ya michezo ya makocha tofauti, bila kujua ni nani atamwita.

Mwaka 2021 ni vivyo hivyo. Novemba, akiwa na New York Jets, pasi zake katika mechi moja zilifikisha yadi 317, na tatu kati ya hizo zilizaa tachidauni, yaani mpira kufikishwa eneo la mwisho la wapinzani. Kabla mwaka haujaisha alikuwa Baltimore Ravens, akarusha yadi 304. Januari 2023 aliingia katika mechi ya ubingwa wa NFC, moja ya kanda mbili za ligi hiyo, akiwa na San Francisco 49ers, baada ya Brock Purdy kuumia kiwiko. Robo ya tatu akapata mtikisiko wa ubongo, akatolewa.

Sasa fedha, na hapa nawasihi wazazi wasome taratibu. Mwaka 2025 kima cha chini cha mchezaji mpya kilikuwa dola 840,000. Lakini hizo ni za msimu mzima, hulipwa kwa wiki 18, na kwa kawaida ukiachwa wiki ya nne, malipo yanakoma hapo. Kikosi cha mazoezi kilianzia dola 13,000 kwa wiki. Wakala huruhusiwa kuchukua hadi asilimia 3. Kodi hukatwa na serikali kuu, na pia na majimbo mengi ambako timu inakwenda kucheza. Chama cha wachezaji kimekuwa kikitaja wastani wa miaka 3.3 tu ya kucheza.

Takwimu za mkataba zinazotangazwa kwenye habari ni jumla. Uliza kiasi kilichodhaminiwa, yaani kile utakacholipwa hata wakikuacha kesho. Uliza pia idadi ya mechi. Msimu huhesabika kwenye pensheni mchezaji akiwa kwenye orodha ya timu kwa mechi tatu au zaidi, na misimu mitatu ya aina hiyo ndiyo inayompa haki ya pensheni. Wiki za kikosi cha mazoezi hazimo. Mchezaji anayezunguka timu tano akiwa kikosi cha mazoezi tu anaweza kustaafu na jezi tano na asiwe na hata msimu mmoja ulioandikwa.